Vizazi saba kwenda nyuma, Murang'a na Kangundo: nianzie wapi nikiwa Nairobi?

MjukuuWaKigumo

Habarini za jioni wadau. Nakusanya nasaba ya familia yetu, shabaha ni vizazi saba kwenda nyuma, na ningependa kazi isonge wazee wangali wapo. Upande wa baba ni Murang'a, upande wa mama ni Kangundo, Machakos. Naishi Nairobi, kwa hiyo safari za mashambani ni wikendi tu.

Nilicho nacho mkononi: majina hadi baba yake guka (babu yangu mzaa baba), kipande cha guka (kitambulisho cha enzi za ukoloni) ambacho bado kimo ndani ya kikebe chake, nakala ya hatimiliki ya shamba, na vijitabu vitatu vya mazishi. Miaka hakuna. Wazee husema tu "wakati wa njaa" au "kabla ya vijiji".

Naomba kuuliza: pale Nyaraka za Kitaifa naweza kutafuta kwa jina la mtu? Miaka naipataje? Na kipimo cha DNA kitanisaidia au ni kutupa pesa?

---

Mtafiti_MoiAvenue

Kwa jina la mtu, hapana, na hapo ndipo wengi hukata tamaa siku ya kwanza. Faili za serikali ya kikoloni zimepangwa kwa ofisi iliyoziandika, kisha mada, kisha miaka. DC ni mkuu wa wilaya: DC/FH ni Fort Hall, yaani Murang'a. DC/MKS ni Machakos. DC/KBU ni Kiambu. Faili haimjui guka wako, inamjua chifu wake. Kwa hiyo kabla hujaingia lile jengo la zamani la Bank of India, uwe na mambo matatu kwenye karatasi: lokesheni ya wakati ule (si wadi ya leo), jina la chifu au hedimani, na angalau muongo.

Na wewe una bahati kubwa, maana hayo yote huenda yamo ndani ya kikebe. Sheria ya kipande ilitungwa 1915, ikaanza kutekelezwa baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, mwaka 1919 na 1920, na mfumo ule ukaondolewa 1947. Kila mwanamume Mwafrika kuanzia umri wa miaka 16 alitakiwa kuwa nacho. Humo utakuta jina, kabila, wilaya, lokesheni au chifu, alama za vidole, halafu orodha ya waajiri pamoja na tarehe za kuanza na kuacha kazi na mshahara. Waajiri ni muhimu kuliko watu wanavyodhani: kama aliandikwa kazi kwenye shamba la mzungu Ruiru au Njoro, basi watoto wa miaka hiyo huenda walizaliwa huko na kubatizwa huko, na kuwatafuta Murang'a ni kupoteza muda.

Tafadhali usiilazimishe karatasi kunyooka. Imekunjwa miaka themanini na zaidi, itakatika palepale kwenye mikunjo, na mara nyingi mkunjo ndio umepita juu ya jina. Fungua kadiri inavyokubali yenyewe, piga picha karibu na dirisha bila flashi, simu ikiwa juu yake sawasawa. Usiweke selotepu, usilaminishe. Kisha nakili herufi kwa herufi kama karani alivyoandika, hata kama unajua amekosea, kwa sababu kosa lile lile ndilo utakalolikuta kwenye daftari nyingine.

Ukifika chumba cha kusomea, nenda na kitambulisho, ujisajili, uombe orodha ya faili za wilaya. Anza na ripoti za mwaka za wilaya, daftari za siasa za wilaya, na ripoti za makabidhiano ambazo DC mmoja alimwachia mwenzake. Humo kuna machifu walivyorithiana, mipaka ya lokesheni ilivyobadilika, na kesi za ardhi kati ya mbari na mbari (mbari ni ukoo wa Kigikuyu wenye ardhi yake). Ukiona pengo kubwa, ujue mwaka 1939 moto uliteketeza kumbukumbu nyingi za makao makuu ya serikali hapa Nairobi. Nakala zilizobaki wilayani ndizo zilizookoka, hivyo tafuta upande wa DC kabla ya kusema hakuna. Faili nyingine zilisafirishwa Uingereza wakati wa uhuru, zikafichuka 2011, na sasa ziko kwenye Nyaraka za Kitaifa za Uingereza, Kew, London, chini ya namba FCO 141. Hizo zinagusa zaidi miaka ya Hali ya Hatari, yaani wakati wa Mau Mau.

Kwa upande wa Murang'a kuna hazina ambayo watu huipita: ushahidi uliotolewa mbele ya Tume ya Ardhi ya Carter, 1932 na 1933, uliochapishwa 1934 kwa mabuku matatu. Wazee wa mbari walikwenda kudai ardhi yao, na kudai ardhi ni kutaja nani alimzaa nani na nani aliipata kwanza. Hata guka wako asipotajwa, mbari yake inaweza kuwamo.

Sensa achana nayo. Waafrika walihesabiwa ipasavyo mara ya kwanza 1948, na fomu za kaya hazipatikani kwa msomaji.

---

Binti_wa_Mbari

Nyongeza kuhusu majina, maana kwa Wagikuyu jina lenyewe ni hati. Mvulana wa kwanza hupewa jina la baba wa baba, wa pili baba wa mama. Msichana wa kwanza mama wa baba, wa pili mama wa mama. Baada ya hapo wanafuata ndugu za baba na za mama. Sasa igeuze kanuni hiyo.

Tuseme guka ni Kamau na cucu (nyanya) ni Wanjiru, na watoto wao kwa mpangilio ni Njoroge, Mwangi, Nyambura, Wangari. Bila kuuliza mtu yeyote unajua kwamba baba yake Kamau ni Njoroge, baba yake Wanjiru ni Mwangi, mama yake Kamau ni Nyambura, na mama yake Wanjiru ni Wangari. Watu wanne kwa orodha moja ya watoto, wawili kati yao wanawake, ambao kwa kawaida ndio wa kwanza kusahaulika.

Ila orodha lazima iwe kamili na iwe kwa mpangilio wa kuzaliwa. Mtoto aliyefariki akiwa na wiki mbili akirukwa, kila aliye chini yake anasogea hatua moja na unampa mtu babu asiye wake. Ulizeni kwa upole, na mara nyingi jibu linapatikana kwa mama, si kwa baba: "Kabla ya Mwangi hakukuwa na mwingine?"

Mtego mkubwa zaidi ni wa wake wengi. Kila mke huanza upya, kwa hiyo mvulana wa kwanza wa kila nyumba hupewa jina la baba wa mume. Mzee Njoroge mwana wa Kamau akiwa na wake watatu, anaweza kuwa na wana watatu wote wakiitwa Kamau wa Njoroge. Ukiandika Kamau wa Njoroge peke yake umewaunganisha watu watatu, na kuwatenganisha baadaye ni kazi ya miezi. Mwandike kila mtu pamoja na mama yake: Kamau wa Njoroge, nyumba ya Wanjiru. Tena ongeza jina la utani alilojulikana nalo, maana mara nyingine mjukuu alipewa lile la utani na si lile la asili, halafu mnyororo unaonekana kama umekatika.

Mtego wa tatu ni mtoto aliyezaliwa na binti kabla ya kuolewa. Huhesabiwa nyumbani kwa babu yake mzaa mama, na kwenye kijitabu cha mazishi anaorodheshwa kama mtoto wa huyo babu. Ukiona "ndugu" wawili wa nyumba moja wamepishana miaka 25, shuku hilo, lakini usilitamke mbele ya watu.

Miaka sasa. Wanaume ulizia riika, yaani kundi la waliotahiriwa pamoja. Jina la riika linafungwa na mwaka wa tohara, kwa mfano Kihiu Mwiri ni karibu 1913 au 1914 kutegemea eneo. Zamani vijana walitahiriwa wakiwa wakubwa, kwa hiyo ondoa miaka 15 hadi 20 upate mwaka wa kuzaliwa, na uandike kama masafa: 1893–1899. Usiandike mwaka mmoja kamili usioujua, maana utakaporudi baada ya mwaka utaudhani ni wa hati. Riika za jirani hazilingani sikuzote, hata kati ya Murang'a na Kiambu, basi uliza ilivyoitwa pale pale kijijini.

Kwa wengine tumia matukio. Njaa kuu ya 1898 na 1899 iliyoandamana na ndui, vita vya Kariokoo (wapagazi wa jeshi) 1914 hadi 1918 na homa iliyofuata 1918, Ng'aragu ya Mianga (njaa ya mihogo) 1943, watu kuhamishiwa vijijini kwa nguvu 1954. Ila usimwulize mzee "alizaliwa lini?" Uliza: wakati wa Mianga alikuwa amebebwa mgongoni, anachunga mbuzi, au ameshatahiriwa? Majibu hayo matatu yanakupa mtoto chini ya miaka 3, mvulana wa kama miaka 6 hadi 14, na kijana mkubwa. Wazee hulijibu swali hilo kwa haraka ya kushangaza, hata wale ambao dakika moja kabla walisema hawakumbuki kitu.

---

Wa_Kangundo

Kwa upande wa mama: usiende Ukambani na kanuni za Murang'a. Kule kitu cha kwanza ni mbai, yaani ukoo, kama Atangwa, Aombe, Amutei, Anzauni. Ukikosa mbai, jina la mtu halina pa kushika.

Majina ya Kikamba yamechanganyika. Mengine yanarithiwa kutoka kwa babu na nyanya, mengine yanasema mtoto alikujaje: Mutuku usiku, Kioko asubuhi, Wambua wakati wa mvua, Wayua wakati wa njaa. Kwa hiyo usikimbilie kusema kila Wayua alizaliwa mwaka wa njaa. Aliyezaliwa njaani huenda ni nyanya yake, na yeye amepewa jina tu. Uliza: "Jina hili ni lake au la kurithi?"

Njaa zetu zina majina, na wazee wanazijua kwa mfuatano. Ngomanisye ni ile ya 1898 na 1899. Yua ya Ndeke ni 1961, chakula kilipodondoshwa na ndege. Nikwa Ngwete ni mwanzoni mwa miaka ya 1980 hadi 1984, watu walipokuwa na pesa mkononi na hakuna cha kununua.

Kanisani angalia dhehebu kabla ya kusoma tarehe. African Inland Mission ilifika Ukambani 1895 pale Nzaui, na haibatizi watoto wachanga. Tarehe ya ubatizo kwenye daftari lake ni ya mtu mzima aliyeungama imani, wala haikuambii alizaliwa lini. Katoliki ni tofauti: daftari ni la Kilatini, na unahitaji maneno machache tu. Natus au nata ni alizaliwa, filius mwana, filia binti, patrinus na matrina ni wasimamizi wa ubatizo. Soma pembezoni mwa ukurasa pia. Huko padri aliandika baadaye kipaimara na ndoa, pamoja na parokia ilikofungwa, na hiyo ndoa ndiyo inakupeleka kituo kinachofuata. Parokia zikigawanywa, daftari la kale kwa kawaida hubaki parokia mama. Hali ni hiyo hiyo Murang'a, ambako Wakonsolata, wamisionari Wakatoliki, walianza Tuthu 1902, na Waanglikana walikuwa Weithaga 1903 na Kahuhia 1906.

Tahajia itakusumbua. Musyoka utamkuta Musioka, Kyalo atakuwa Kialo, Nzioka atakuwa Nzyoka. Tengeneza orodha ya namna nne au tano za kila jina kabla ya kufungua daftari.

Jambo la mwisho, liulize kwa heshima: iweto. Mama asiyejaliwa mtoto, au mjane, aliweza kuoa mke ili nyumba isife, na watoto wakawa wa jina la mume wa nyumba ile. Kwa nasaba ya Kikamba hao ni watoto kamili. Waandike hivyo, na uweke alama yako pembeni.

---

MjukuuWaKigumo

Asanteni sana, nimeshaanza kuandika upya kwa nyumba za akina mama. Kweli kuna akina Kamau wawili niliowafanya mmoja.

Swali la pili. Hatimiliki inaanza na "Loc.2", halafu jina la sehemu, halafu namba. Baba anasema shamba hilo ndilo la ukoo tangu zamani, lakini shangazi anasema kaburi la baba yake guka liko ng'ambo ya mto. Nani yuko sahihi?

---

Mtafiti_MoiAvenue

Huenda wote wawili. Hiyo "Loc.2" ni namba ya lokesheni ya Fort Hall enzi za ukoloni, imebaki kwenye hatimiliki za Murang'a hadi leo. Umeshapata lokesheni ya kutafutia faili bila kutoka nyumbani.

Kuhusu kaburi: 1954 watu walihamishwa kwa nguvu kuingia vijijini, na katika miaka hiyo hiyo ya 50 ardhi ikakusanywa. Mtu aliyekuwa na vipande vitano vilivyotawanyika, kimoja bondeni, kimoja ng'ambo ya mto, alipewa shamba moja lenye ukubwa unaolingana. Shamba la leo kwa hiyo si lazima liwe mahali pa ukoo. Wakati wa zoezi lile kamati ziliandika haki zilizokuwepo kabla ya kukusanya, mbari kwa mbari. Karatasi hizo ndizo za kuulizia kwenye ofisi ya ardhi ya wilaya na kwenye Nyaraka. Pia omba upekuzi wa rejista ya shamba, ile kadi ya kijani, uone mwenye shamba wa kwanza na tarehe lilipopita kwa warithi.

Tarehe hiyo ya warithi ikupeleke mahakamani. Sheria ya Urithi, sura ya 160, ilianza kutumika Julai 1981, na katika faili la mirathi kuna barua ya chifu na kiapo cha fomu P&A 5 kinachotaja wote walioachwa na marehemu. Kama alikuwa na wake wengi, kifungu cha 40 kinagawa mali kwa nyumba kulingana na idadi ya watoto, kwa hiyo wanaorodheshwa nyumba kwa nyumba. Familia zilipogombana, hukumu hueleza ukoo mzima kwa undani ambao hakuna mzee angeketi kukueleza. Hukumu nyingi ziko bure kwenye tovuti ya Kenya Law.

Ili kujua kama kesi ilifunguliwa, pekua Gazeti Rasmi la Kenya, linalotoka tangu 1899 na matoleo mengi yako mtandaoni. Tangazo la mirathi lina jina la marehemu, mahali na tarehe ya kifo. Wanaobadilisha majina kisheria nao hutangazwa humo. Tafuta kwa tahajia zote, na ujaribu pia "s/o" (mwana wa), maana makarani waliandika Kamau s/o Njoroge.

Usisahau kurasa za tanzia kwenye magazeti. Sisi Wakenya tunataja ukoo wote pale: mwana wa marehemu fulani, ndugu wa fulani na fulani wa Ruiru, mkwe wa fulani. Ila "ndugu" pale ni pamoja na mtoto wa baba mdogo, na "babu" anaweza kuwa ndugu ya babu. Hakikisha kila uhusiano kwa kuuliza "tumbo moja?"

---

Jeni_na_Jina

Nijibu la DNA. Kinafaa kwa swali moja mahususi, hakifai kwa "niambieni ukoo wangu". Kipimo cha kawaida hulinganisha mate yako na ya wengine waliokwisha pima katika kampuni ile ile. Wakenya waliopima bado ni wachache, kwa hiyo ukipima peke yako utapata ramani ya rangi na binamu wa mbali wasio na majina unayoyajua.

Kinachofanya kazi ni kupima watu wawili mnaotaka kujua uhusiano wao. Watoto wa ndugu wawili wa tumbo moja hushiriki wastani wa asilimia 12.5, kizazi kinachofuata karibu 3.1. Lakini kwetu baba mmoja mama mbalimbali ni jambo la kawaida, na wajukuu wa nyumba mbili tofauti hushiriki nusu tu ya hapo, kama 6.25. Programu haijui kuhusu nyumba. Itakuandikia uhusiano wa mbali kuliko ulivyo, na mtu anaanza kumtilia shaka mama yake bila sababu. Hesabu mwenyewe ukiwa na chati mkononi.

Ukitaka mstari wa baba kwa baba, kipimo ni cha kromosomu Y, na lazima apimwe mwanamume. Huo unaweza kusema kama akina Kamau wawili wanatoka kwa mzee mmoja, hata kupita vizazi saba, lakini hauwezi kusema ni vizazi vingapi kwa uhakika. Kipimo cha kawaida hupungua nguvu kizazi kwa kizazi. Kizazi cha saba una mababu 128, na baadhi yao hawakukuachia chochote kinachopimika.

Anza na wazee, si wewe. Mate ya cucu wa miaka 88 yana kizazi kimoja au viwili zaidi ya yako. Mweleze kwa lugha yake kwamba matokeo yanaweza kuonyesha jambo ambalo familia ilinyamazia, na akikataa, liishie hapo. Ukumbuke iweto alilotaja Wa_Kangundo: DNA na nasaba hazitalingana, na hakuna iliyodanganya.

Kuhusu kuhifadhi: tumia Gramps, programu ya nasaba ya bure inayofanya kazi bila intaneti, na kila mwezi toa nakala ya GEDCOM (faili linalosomwa na programu nyingine za nasaba) uiweke mahali pa pili. Kwenye karatasi wape mababu namba. Wewe ni 1, baba wa mtu yeyote ni namba yake mara mbili, mama ni hiyo ongeza moja. Basi guka mzaa baba ni 4, cucu ni 5, na baba yake guka ni 8. Kila sauti unayorekodi ianze kwa kutaja tarehe, mahali na anayezungumza, na jina la faili lianze na mwaka. Kwenye mti unaowatumia watu kwa WhatsApp, ondoa tarehe za kuzaliwa na namba za vitambulisho vya walio hai.

---

Binti_wa_Mbari

@MjukuuWaKigumo kabla hujalipia kipimo kwa ajili ya akina Kamau wawili, uliza kila mmoja aliitwa nani na mama yake, na mahari ya dada zake ililetwa kwenye boma la nani. Wazee hawasahau mbuzi zililetwa wapi. Kama boma ni mbili, una watu wawili.

---

MjukuuWaKigumo

Boma ni mbili. Shangazi amethibitisha sasa hivi kwa simu: mmoja nyumba ya Nyambura, mwingine nyumba ya Wangui. Jumamosi naenda Kigumo na orodha mpya.